Picha Kizimbani: Tamthilia za Uhalifu na Neno la Asiyeaminiwa

Katika makala haya tunakusudia kuangalia jambo ambalo wapenzi wa tamthilia na filamu za uhalifu wamelizoea kiasi cha kutolitilia maanani tena, nalo ni picha inayofichua siri. Mhalifu amejificha vizuri, mashahidi wamenyamaza au wamenunuliwa, mpelelezi amekata tamaa. Mara inapatikana picha. Inakuzwa, inatazamwa kwa makini, na ukweli unajitokeza pembeni mwake, mahali ambapo hakuna aliyetazama hapo kwanza. Wanafunzi wetu hulitaja jambo hili kila tunapofundisha muundo wa hadithi ya upelelezi, na wengi hudhani kwamba ni zao la televisheni ya juzi tu. Sivyo. Mbinu hii ina umri wa zaidi ya miaka 160, na ndani ya historia yake limo swali ambalo mwalimu wa lugha hawezi kulikwepa: kwa nini ilibidi picha iseme, ilhali watu walikuwapo na midomo walikuwa nayo?

Tuanzie New York. Tarehe 6 Desemba 1859, katika ukumbi wa Winter Garden, ilionyeshwa kwa mara ya kwanza tamthilia iitwayo The Octoroon, iliyotungwa na Dion Boucicault, mzaliwa wa Dublin huko Ireland. Wakati wenyewe ulikuwa mbaya. Siku 4 tu kabla yake, John Brown, aliyejaribu kuanzisha uasi wa silaha dhidi ya utumwa, alikuwa amenyongwa, na Marekani nzima ilikuwa ikibishana juu ya utumwa kwa sauti ya watu walio tayari kupigana. Boucicault aliiweka hadithi yake katika shamba kubwa la Louisiana liitwalo Terrebonne, shamba lililozama katika madeni. Kijana anayetarajia kulirithi anampenda Zoe, binti aliyezaliwa na marehemu mwenye shamba kwa mama mtumwa. Jina la tamthilia ni neno walilotumia Wamarekani wa zama zile kumwita mtu mwenye sehemu moja kati ya nane ya damu ya Kiafrika. Kiswahili hakina neno la kupima watu kwa namna hiyo, nasi hatuoni haja ya kulibuni.

Mwovu wa tamthilia ni McClosky, ambaye analitaka shamba na anamtaka Zoe pia. Anajua kwamba barua iko njiani, na kwamba habari zilizomo zinaweza kuliokoa shamba lisipigwe mnada. Anayebeba mfuko wa barua ni Paul, mtoto mtumwa. Paul anaikuta kamera ya Scudder, mnyapara wa shamba, na kama mtoto yeyote anatamani naye apigwe picha. Anaketi juu ya mfuko wa barua, na rafiki yake Wahnotee, Mmarekani wa asili, anaifunua kamera. Wahnotee akiwa hayupo karibu, McClosky anatokea, analiokota shoka la Wahnotee na kumuua mtoto, kisha anasimama pale pale kuisoma barua aliyoiiba. Kamera bado iko wazi. Wahnotee anaporudi na kumkuta Paul amekufa, anaamini kwamba mashine ile ndiyo iliyomuua, na anaivunja kwa hasira.

Tunavyojua sote, mwovu hatosheki. McClosky ndiye anayekuwa mstari wa mbele kumshtaki Wahnotee, na watu wanataka kumnyonga papo hapo bila mahakama. Hapo ndipo linapopatikana bamba la kioo katika mabaki ya kamera, na juu yake sura ya McClosky, akiwa amesimama kando ya maiti na barua mkononi. Kwa ufahamu wetu hii ni miongoni mwa tamthilia za mwanzo kabisa ambamo picha inamtoa muuaji hadharani.

Kiufundi jambo hilo lisingewezekana. Mabamba ya kioo yaliyotumiwa katika miaka ile yalipakwa dawa ya majimaji, nayo yalipaswa kutumiwa na kusafishwa katika muda wa dakika chache kabla dawa haijakauka. Bamba lisingeweza kukaa ndani ya kamera iliyovunjika likisubiri kutoa ushahidi siku nyingine. Boucicault alilijua tatizo hilo, ndiyo maana akampa Scudder dawa ya ajabu aliyojitengenezea mwenyewe. Mtunzi anadanganya kidogo ili mashine iseme kweli. Tutaona kwamba tabia hiyo haikuishia kwake.

Lakini tuangalie nani hakusema. Wahnotee, aliyempenda Paul kuliko watu wote jukwaani, anazungumza mchanganyiko wa lugha ambao karibu hakuna anayejishughulisha kuuelewa. Wakati watu wanajadili kumnyonga, neno lake halina uzito wowote. Ama watumwa wa shamba, sheria ya Louisiana ya wakati huo haikumruhusu mtumwa kutoa ushahidi mahakamani dhidi ya mzungu. Tuchukulie kwamba mtumwa mmoja mzima alikuwa nyuma ya mti na aliona kila kitu tangu mwanzo hadi mwisho. Mbele ya sheria angekuwa hajaona kitu. Bamba la kioo halikuwa na rangi, halikuwa na bwana, wala halikuhitaji mkalimani, na kwa hiyo likasikilizwa. Boucicault hakulisema jambo hili wazi. Alikuwa mfanyabiashara wa jukwaa na alikuwa mwangalifu asiuudhi upande wowote. Hata hivyo limo ndani ya kazi yake kama msumari ndani ya ubao. Na picha iliyomwokoa Wahnotee haikumsaidia Zoe hata kidogo: alikwisha kuuzwa mnadani, na anakunywa sumu. Watazamaji wa London mwaka 1861 hawakuupenda mwisho huo, na mtunzi akawaandikia mwingine wa furaha.

Hapa tunaomba radhi kuingiza somo la msamiati, maana ndiyo kazi yetu. Kiswahili kimechukua kutoka Kiarabu maneno shahidi, ushahidi na ushuhuda, yote ya mzizi mmoja, na maana ya msingi ya mzizi huo ni kuwapo mahali na kuona kwa macho. Shahidi ni mtu kwanza. Ushuhuda umebaki karibu na kinywa chake: mtu hutoa ushuhuda wa aliyoyaona au yaliyompata. Ushahidi umepanuka zaidi, na leo kisu, risiti, nyayo na picha zote huitwa ushahidi. Tunaposahihisha insha tunakuta wanafunzi wakiyabadilishana maneno haya mawili kiholela. Si kosa kubwa la sarufi, lakini tunashauri watofautishe, kwa sababu hadithi tunayoisimulia hapa ni hadithi ya ushahidi uliopokelewa na ushuhuda uliokataliwa.

Nusu karne baada ya The Octoroon, mambo hayo yalitokea si jukwaani bali kwa jirani zetu wa Kongo. Sehemu yenyewe haikuwa nchi ya Kiswahili. Kiswahili cha Kongo kiko mashariki, na Baringa iko ndani ya misitu ya Wamongo, katika eneo lililokuwa sehemu ya mkoa wa Équateur, ambako kampuni ya ABIR ililazimisha wanavijiji kuleta mpira wa porini kwa vipimo. Tarehe 14 Mei 1904, mtu mmoja aitwaye Nsala, kutoka kijiji cha Wala, alifika katika misheni ya Baringa akiwa na kifurushi kidogo kilichofungwa kwa majani. Ndani yake mlikuwa na mkono na mguu wa binti yake mdogo, Boali. Walinzi wa kampuni walikuwa wamekishambulia kijiji. Mmisionari Alice Seeley Harris alimwomba Nsala aketi barazani, akaviweka viungo vile mbele yake, akapiga picha.

Tumewahi kuwaonyesha wanafunzi picha hiyo bila maelezo yoyote. Wanaona mtu ameketi ukingoni mwa baraza, ameinamisha kichwa kidogo, anatazama vitu viwili vidogo vilivyo sakafuni. Nyuma yake wako watu wengine. Wengi hawatambui anatazama nini hadi waambiwe. Ni maneno ya Nsala, aliyoyasema kwa lugha yake na yakafasiriwa, ndiyo yanayoigeuza picha ile kuwa kitu ambacho mtu hawezi kukisahau. Lakini Ulaya haikushtushwa na maneno ya Nsala. Ilishtushwa na picha.

Ushuhuda wa kinywa haukukosekana. Roger Casement, konseli wa Uingereza, alisafiri ndani ya Kongo mwaka 1903 na kuandika aliyoambiwa na wenyeji. Ripoti yake ilipochapishwa mwanzoni mwa 1904, wakubwa wake katika wizara ya mambo ya nje walikuwa wameyaondoa majina ya watu na vijiji na kuweka herufi tupu mahali pake. Casement mwenyewe hakuridhika. Shahidi asiye na jina na asiye na kijiji ni rahisi kumkanusha. Mfalme Leopold naye aliunda tume ya majaji watatu, Mbelgiji, Mwitaliano na Mswisi, na kinyume na matarajio ya wengi majaji hao walisikiliza kweli. Mbele yao alikuja chifu Lontulu wa Bolima akiwa na vijiti 110. Alivipanga mezani katika mafungu, wakubwa, wanaume, wanawake na watoto, kisha akavitaja kimoja kimoja kwa majina ya marehemu. Hatujui ushahidi wowote katika historia ya sehemu hii ya Afrika ulioandaliwa kwa ufasaha zaidi ya huo. Ripoti ya tume ilitoka mwaka 1905. Maneno yenyewe ya mashahidi hayakuchapishwa. Yalifungiwa katika hifadhi ya nyaraka huko Brussels, na watafiti hawakufunguliwa mlango hadi miaka ya 1980.

Kwa hiyo vijiti vya Lontulu vilikaa gizani, na picha za Bibi Harris zikazunguka. Yeye na mumewe John walizionyesha kwa taa ya kuangazia ukutani, katika makanisa na kumbi za Uingereza na Marekani. Mwaka 1905 Mark Twain alichapisha kijitabu ambacho kwa umbo ni tamthilia ya mzungumzaji mmoja: Leopold yuko peke yake chumbani, anasoma tuhuma dhidi yake, anafoka, anajitetea. Wamisionari anaweza kuwakanusha, magazeti anaweza kuyanunua. Kinachomkera kuliko vyote ni kamera ndogo ya Kodak, shahidi pekee ambaye, kwa maneno anayowekewa kinywani, ameshindwa kumhonga. Ni kazi ya kejeli kali, na ilifanya kazi nzuri. Mwaka 1908 mfalme alinyang'anywa Kongo, ikawa koloni la serikali ya Ubelgiji. Lakini ukisoma sentensi hiyo ya Kodak ukiwa umekaa upande huu wa bara, unajiuliza: na Nsala je, nani alimhonga? Lontulu alihongwa na nani? Walikuwa mashahidi wasiohongeka tangu mwanzo.

Aliyewahi kukaa nyuma ya chumba cha mahakama, akamsikia mama wa kijijini akieleza kwa dakika 5 na mkalimani akamfupishia hakimu kwa sentensi 1, atatuelewa tunasema nini.

Mfano wa tatu unatoka Chicago, na tumeuweka mwishoni kwa sababu unatuwezesha kulinganisha filamu na nyaraka. Mwaka 1948 ilitoka filamu iitwayo Call Northside 777, iliyoongozwa na Henry Hathaway, na mwigizaji mkuu akiwa James Stewart. Inamhusu mwandishi wa habari anayetumwa na mhariri wake kufuatilia tangazo dogo la gazetini: mtu anatoa dola 5,000 kwa atakayewataja waliomuua askari polisi mmoja mwaka 1932. Mtoa tangazo ni mama mzee, mhamiaji wa Kipolandi, ambaye kazi yake ni kupiga deki ofisi za watu. Mwanawe amefungwa miaka 99 kwa mauaji hayo. Mwandishi hamwamini. Anaandika kwa sababu ni habari nzuri ya kuuza gazeti, na imani inamjia polepole.

Kilele cha filamu ni picha. Shahidi pekee wa upande wa mashtaka, mwanamke aliyekuwapo wakati wa mauaji, alidai kwamba hakumwona mshtakiwa kabla ya siku aliyomtambua polisi. Mwandishi anapata picha ya zamani inayowaonyesha wote wawili wakiingia kituoni pamoja. Je, ni ya siku gani? Pembeni mwa picha yuko kijana muuza magazeti. Picha inakuzwa, na tena, na tena, inatumwa kwa waya hadi mbele ya baraza linalosikiliza maombi ya msamaha, hadi tarehe ya gazeti la yule kijana inasomeka: siku moja kabla. Shahidi amesema uongo, mfungwa anaachiwa. Tunakiri kwamba ni sehemu tamu sana ya filamu. Hata mtazamaji anayejua mwisho hukaza macho.

Haikutokea. Kisa chenyewe ni cha kweli: askari William Lundy aliuawa tarehe 9 Desemba 1932 katika duka moja la Chicago lililokuwa likiuza pombe kwa siri, maana pombe ilikuwa imepigwa marufuku. Joseph Majczek na Theodore Marcinkiewicz walihukumiwa mwaka 1933, kila mmoja miaka 99. Tillie Majczek, mama wa Joseph, alipiga deki usiku kwa miaka 11 akiweka akiba, na tangazo lake lilitoka katika gazeti la Chicago Times mnamo Oktoba 1944. Waandishi James McGuire na John McPhaul walilifuatilia. Yote hayo ni kweli. Picha ya muuza magazeti ndiyo iliyobuniwa. Kilichopatikana katika kisa halisi ni karatasi: kumbukumbu ya polisi iliyoonyesha kwamba Majczek alikamatwa tarehe 22 Desemba, si 23 kama ilivyodaiwa mahakamani. Katika siku hiyo iliyofichwa mwenye duka alikuwa ameonyeshwa Majczek mara 2 na hakumtambua. Alimtambua kesho yake. Majczek mwenyewe alikuwa ameyaeleza mambo hayo kwa maandishi akiwa kifungoni, na hata jaji aliyeendesha kesi, Charles Molthrop, alikuwa na mashaka makubwa juu ya hatia yao.

Kwa nini basi watunzi wa filamu wakaleta picha? Jibu jepesi ni kwamba karatasi haionekani vizuri kwenye skrini. Tunalikubali kwa nusu. Nusu ya pili ni ile ile ya Boucicault. Mama mpiga deki alisema tangu siku ya kwanza kwamba mwanawe hana hatia, mfungwa alisema, maandishi yao yalikuwapo. Mtazamaji hakutegemewa kuwaamini hao, hata akiwa amewapenda kwa saa nzima na nusu. Lazima mashine ije iwathibitishe. Na kama dawa ya Scudder, hapa pia mashine inasaidiwa na uongo. Picha ya filamu ni chembechembe za fedha juu ya utando, na kuikuza hakuongezi habari ambayo lenzi haikuipokea. Hukuza chembechembe tu. Michelangelo Antonioni alilifanyia mzaha mchungu jambo hili katika Blow-Up ya mwaka 1966, ambamo mpiga picha wa London anakuza na kukuza picha za bustani, anaona bastola na maiti, na mwishowe anabaki na karatasi yenye madoadoa ambayo yanaweza kuwa kitu chochote.

Tunaona manufaa kwa walimu wanaofundisha riwaya za upelelezi za Kiswahili. Bwana Msa wa Muhammed Said Abdulla, tangu Mzimu wa Watu wa Kale ya mwaka 1960, hutegemea zaidi akili yake na kuyasikiliza maneno ya watu kuliko vyombo. Wanafunzi huona ni upelelezi wa kizamani. Waulizwe basi: katika kisa hiki, maneno ya nani yanaaminiwa bila kuthibitishwa, na ya nani hayaaminiwi mpaka kije kitu cha kuyashuhudia? Swali hilo linafaa kwa Boucicault, linafaa kwa ripoti ya Casement, na linafaa kwa Bwana Msa. Mwanafunzi wa mwaka wa pili anaweza kulijibu kwa insha ya kurasa 3 bila kuhitaji nadharia yoyote.

Majczek alisamehewa na gavana wa Illinois mnamo Agosti 1945, na baadaye akalipwa dola 24,000. Mwenzake, Marcinkiewicz, alikuwa amefungwa kwa kesi ile ile na kwa neno la shahidi yule yule. Filamu inamtaja kwa jina la kubuni, na inakwisha akiwa bado ndani. Ilipoonyeshwa katika majumba ya sinema mwaka 1948, na watazamaji kutoka nje wakiwa wameridhika kwamba picha imemwokoa asiye na hatia, Marcinkiewicz halisi alikuwa bado gerezani. Alitoka mwaka 1950. Fidia yake, dola 35,000, aliipata mwaka 1965.